Mwamba wa Mawe

Nyumbani kwetu mama haitwi mama. Anaitwa Mawe. Ndivyo Warundi wanavyomwita mama mzazi, na sisi, ingawa siku hizi ni Watanzania wenye vitambulisho na tunapiga kura kama wengine, lugha tuliyonyonya hatujaiacha. Mama yangu ni Mawe, mama yako ni nyoko. Ndiyo, nyoko. Kwa Kirundi ni neno safi kabisa. Ukilitamka sokoni Kashaulili, mjini Mpanda, unatafuta ngumi. Hilo nilijifunza darasa la kwanza, nilipomuuliza mwenzangu Mfipa kama nyoko hajambo, nikarudi nyumbani na jino langu mkononi.

Kwa Kiswahili, mawe ni mawe tu, vitu vya kujengea msingi na kufukuzia mbwa. Lakini wazee wa huku wameliongezea neno hilo kazi nyingine: betri za tochi na redio nazo ni mawe. Mtu anakutuma dukani ukamletee mawe ya redio, unaenda, na hakuna anayecheka. Kwa hiyo iliposikika kwamba kuna Wachina wamefika Nsimbo wanatafuta mawe ya kutengenezea betri, mimi mwenzenu nilijua mapema kwamba kuna watu watachanganyikiwa. Sikujua tu kwamba na mimi nitakuwemo.

Mimi ni mama lishe. Kibanda changu kiko Kashaulili, nyuma ya soko, na sifa zangu ni mbili, migebuka wa kukaanga na mdomo. Samaki hao wanatoka Ikola, ziwani, na gari la asubuhi. Mdomo nilizaliwa nao. Mteja akiniuliza kama nimeshaanza kupika, na huku ananiona nimeshika mwiko jasho linanitoka, namwambia hapana, naogelea. Anakaa, anakula, na kesho anarudi. Watu wa Mpanda wanapenda kula huku wanasemwa.

Ndipo siku moja akaingia Mchina mmoja. Alikuwa mtu wa makamo, mfupi, jua limemchoma mpaka shingo imebadilika rangi, na kiunoni amening'iniza nyundo ndogo ambayo hakuivua hata alipokaa kula. Aliagiza wali na samaki. Akaomba pilipili. Nikampa kibakuli cha pilipili ya kusaga na kijiko, kama tunavyompa mtu yeyote, akakila chote kama mboga, akaomba kingine. Kibanda kizima kiliacha kula kumtazama. Nikamwambia, "Bosi, hiyo kesho itakukumbusha." Akacheka sana, kwa sababu alielewa.

Kiswahili chake alikiokota kwenye kambi za barabara miaka ya nyuma, kwa madereva wa malori, kwa hiyo kilikuwa Kiswahili kisichojua ngeli lakini kinajua matusi yote. Safari hii hakuja kwa ajili ya barabara. Alikuwa mjiolojia, mkubwa wa kikundi kilichotumwa na kampuni moja ya madini ya kwao, na walikuwa wanapiga kambi upande wa Litapunga. Walitaka mpishi. Litapunga ndiko kwetu, ndiko aliko Mawe, na mimi nilikuwa namtembelea kwa kuibiaibia siku za Jumapili. Kibanda nikamwachia mdogo wangu, mwiko nikauchukua.

Kambini kulikuwa na mahema, jenereta, vijana wawili wa kompyuta waliotoka naye huko kwao, na ramani kubwa ya dunia imebandikwa kwenye hema la kulia. Ramani ilikuwa na vibendera vyekundu. Siku moja wakati wa chakula cha mchana nikamuuliza vibendera ni vya nini, akanieleza huku anatafuna. Kampuni yao, alisema, ilikuwa ya makaa ya mawe tangu zamani. Nikajisemea moyoni, kumbe hata kwao ni mawe tu. Sasa dunia haitaki tena moshi, inataka magari ya betri, kwa hiyo kampuni imetoka nje kutafuta shaba, dhahabu, na hasa hiyo lithiamu. Kibendera kimoja kilikuwa chini kabisa Amerika ya Kusini, vingine vimetawanyika Afrika. Cha kwetu alikuwa amekichomeka pembeni kidogo, ndani ya Ziwa Tanganyika. Nikamwambia hapo atapata dagaa tu. Akasimama, akakihamisha.

Lazima niseme kwamba Mpanda hatukuwa wageni wa madini. Dhahabu tunaijua. Mtu akipata dhahabu utamwona tu, ananunua pikipiki, anaoa, halafu pikipiki inauzwa na mke anaondoka. Lithiamu ndiyo hatukujua inakuwaje. Jirani mmoja aliniuliza kama inavaliwa. Nikamwambia inavaliwa na simu.

Mwenyekiti wa kijiji akaitisha mkutano ili watu wawaelewe wageni. Mwenyekiti wetu ni Msukuma. Baba yake alishuka na ng'ombe kutoka kaskazini, na yeye hata akitangaza chanjo ya watoto lazima ataje mifugo. Akasimama, akasema kwa sauti yake ile ya kuitia ng'ombe ng'ambo ya mto: "Ndugu zangu, hawa wageni wanatafuta mawe ya betri. Nyie mnaojua yalipo, waonesheni. Na ng'ombe wasikanyage vifaa vya watu."

Kesho yake asubuhi nilikuwa nakoroga uji nikaona watu wanakuja kambini, wazee kwa akina mama, wengine na ndoo, wengine na vikapu, mmoja amefunga mzigo wake kwenye kitenge. Wakamwaga mbele ya hema la Bosi. Betri! Betri za redio, za tochi, nyingine zimevimba, nyingine zimetoa ute. Mzee mmoja alikuwa na zake kwenye ungo, amezipanga vizuri, akaeleza kwamba hizo hazijafa kabisa, alikuwa anazianika juani juu ya bati na zikipata joto zinasoma taarifa ya habari mpaka mwisho. "Haya bado yana uhai kidogo," alisema, "msiyatupe."

Bosi aliangalia rundo lile, akaniangalia mimi. Mimi sikuwa na msaada wowote. Nilikuwa nimekaa juu ya gunia la mchele nacheka mpaka machozi. Basi yule bwana akachukua betri moja kwenye ungo wa mzee, akaipokea kwa mikono miwili kama kwao wanavyopokea kitu cha heshima, akasema: "Hii iko mtoto. Mimi natafuta mama yake." Wazee wakaitikia kwa kichwa. Wakaona huyu ni mtu mwenye akili. Tangu siku hiyo hakukosa mtu wa kumsalimia njiani.

Sasa nije kwenye mwamba. Katikati ya shamba la Mawe kuna jiwe pana lililolala chini, limekaa wazi, na ukilitazama kwa karibu lina magamba madogo yanayong'aa. Tangu nipate akili, hapo ndipo Mawe na majirani zake wanapoanika mihogo. Mihogo inalowekwa siku kadhaa, inavuliwa, inamenywa, inasambazwa juu ya mwamba mpaka ikauke, halafu ndiyo inakwenda kusagwa. Siku ambayo mwamba umejaa, ukitazama kwa mbali unadhani mtu ametandika mashuka. Ndio maana eneo lote pale linaitwa kwa Mwamba wa Mawe. Wageni wanadhani waliotoa jina hilo hawakufikiri sana, mwamba wa mawe, sasa ulitaka uwe wa nini? Lakini sisi tunajua Mawe ni nani.

Bosi alikuwa na droni. Ilikuwa inaruka asubuhi, watoto wanaikimbilia, kuku wanajificha, na mchana vijana wa kompyuta wanatazama picha. Siku moja nikawapelekea chai nikawakuta wamesimama wote, wanaongea kwa kasi, mmoja anapiga makofi. Kwenye picha, katikati ya kijani kibichi, palikuwa na doa jeupe, refu, linang'aa. Nikachungulia na mimi, sinia mkononi. Pembeni ya doa nikaona paa la bati lenye kiraka cha bluu. Lile paa nalijua, kiraka nilikinunua mimi.

"Bosi," nikasema, "hiyo ni mihogo ya Mawe."

"Mawe!" akaitikia kwa furaha. "Ndiyo, mawe!"

Na hivyo ndivyo tulivyoingia kwenye gari.

Tulipofika nikashuka wa kwanza, nikaita kama ninavyoita siku zote, kwa sauti ya mtu aliyeleta zawadi: "Mawe! Mawe we!" Nyuma yangu nikasikia mlango wa gari umefunguliwa kwa nguvu, na Bosi akanipita mbio, nyundo imeshatoka kiunoni, anatazama chini. "Wapi? Wapi?" Mawe akatoka jikoni, mwanamke mdogo kama mkunde, kitenge kimefungwa kifuani, moshi machoni, akamkuta mwanamume mwenye nyundo anamzunguka.

Bosi ana adabu zake. Akasimama wima, akasema, "Shikamoo, mama. Habali?" Mawe akajibu, "Marahaba, baba. Nzuri. Karibu ugari." Nikaona hawa watapatana, mmoja anaikimbia herufi ya ere, mwingine anaikimbia ele, watakutana katikati.

Halafu Bosi akauona mwamba nyuma ya Mawe. Uso ukamwangaza. "Mawe nzuli," akasema. "Mawe nzuli sana."

Mawe akajirekebisha kitenge. "Nzuri nirikuwa zamani, baba. Sasa nimechakaa."

"Mimi nataka chukua mawe kidogo. Naenda pima."

Mawe akanigeukia. "Anataka kunichukua? Kunipima nini? Anipereke hospitari gani, mimi siumwi."

Ningepaswa kueleza pale pale. Lakini nilikuwa nimeegemea gari, mbavu zinaniuma kwa kucheka, na walipofika mahali ambapo Bosi alimhakikishia kwamba akishapima hatarudisha, nikashindwa kabisa kusimama. Nilipopata pumzi nikamwambia Mawe kwamba anataka kipande cha jiwe tu. Mawe akasema achukue, jiwe ni la Mungu, ila asimwage mihogo.

Tukasogeza mihogo pembeni, Bosi akafagia unga kwa mkono. Hapo ndipo ilipodhihirika kwamba doa lile jeupe lililopigiwa makofi lilikuwa mihogo mitupu. Vijana wa kompyuta walinuna kidogo. Lakini Bosi alipiga magoti, akagonga, akavunja kipande, akakilamba, naapa alikilamba, akakigeuza juani. Chini ya unga ule jiwe lilikuwa jeupe kweli, lenye mistari mirefu. Sura yake ikabadilika. Sura ile naijua, ni ya mteja aliyekuta kipande cha nyama kwenye maharage. Hapo mimi nikaacha kucheka.

Haikuchukua muda habari kuzagaa. Mwenyekiti, ambaye hana ubaya, alipita nyumba kwa nyumba kueleza. Sampuli zitapelekwa maabara. Majibu yakiwa mazuri italetwa mashine ya kuchoronga, na baada ya mashine utakuja mgodi, na wenye nyumba kuzunguka mwamba watahamishwa, watalipwa fidia, hakuna atakayeonewa, wala ng'ombe wake. Majirani wengine walifurahi wazi wazi. Jirani mmoja alianza kuulizia bei za viwanja mjini, mwingine aliahidi bodaboda kwa shemeji yake. Siwalaumu. Mawe yeye alimkaribisha mwenyekiti maji, akamsindikiza, akarudi kuchambua maharage.

Inabidi nieleze kitu hapa, maana bila hicho mtaona ni bibi tu anang'ang'ania jiwe. Mawe aliingia nchi hii mgongoni kwa mama yake, wakiwa wakimbizi. Wakapewa pori, wakaligeuza mashamba, mikono mitupu na majembe ya msaada. Baadaye sana tukapewa uraia, tukacheza ngoma, na kabla vumbi la ngoma halijatulia ikasemwa kwamba sasa tutatawanywa mikoa mingine, kila familia na kwake. Miaka ile watu wa kwetu waliishi kama abiria stendi. Hakuna aliyechoma tofali. Hakuna aliyepanda mti wa maana. Mtu ukimuuliza mbona nyumba inavuja anakuambia ya nini kuziba, tunaondoka. Kisha ikasemwa basi, kaeni hapo hapo. Siku hiyo Mawe alipiga vigelegele peke yake uani, na msimu huo huo akaezeka bati. Alikuwa ameshapata nywele nyeupe ndipo akaambiwa hapa ni kwako.

Sasa mvua zikaanza. Nilikwenda kwake siku ya mapumziko nikamkuta shambani, nikashika jembe nimsaidie. Maharage, mstari kwa mstari. Mchicha kando. Nikamuuliza mihogo ataweka upande gani mwaka huu. Akasema maharage yanatosha.

"Mawe, tangu lini maharage yakatosha?"

"Maharage unavuna upesi," akasema, bila kuinua kichwa. "Unafunga gunia, unabeba kichwani. Muhogo unataka mtu wa kukaa."

Hakulia wala hakulalamika. Aliendelea kufukia mbegu kwa mguu, moja baada ya nyingine, kama mtu anayejua kazi hii, ya kuondoka. Nilikasirika. Nilimkasirikia Bosi, nikawakasirikia vijana na droni yao, nikalikasirikia gari la umeme la mtu nisiyemjua huko aliko anayetaka kuendesha bila moshi. Nikajikasirikia na mimi, ninayewapikia wali ukaiva vizuri.

Asubuhi iliyofuata Bosi akaja jikoni mwenyewe kuchukua chai, kama kawaida yake. Sikumsalimia. Nikamuuliza moja kwa moja: "Bosi, mtamhamisha Mawe?"

"Ndiyo," akasema, anapuliza kikombe. "Mawe yote tayali. Jana tumehamisha."

"Jana?"

"Jana. Weka ndani ya gunia, funga. Loli imeondoka."

Akili yangu ilijua vizuri kwamba anasema sampuli. Moyo haukungoja akili. Nikamwona Mawe ndani ya gunia, miguu yake midogo nje, juu ya lori la Wachina, na nikapiga mfuniko wa sufuria kwa mwiko mpaka mwiko ukavunjika. "Sipiki!" nikapiga kelele. "Leo hamli! Mle hayo mawe yenu!" Hata jenereta nadhani lilisita. Vijana wa kompyuta wakatokeza vichwa kwenye hema, kila mmoja na mswaki mdomoni.

Bosi aliweka kikombe chini polepole. "Mama, tatizo nini?"

"Mawe ni mama!" nikamwambia. "Kwetu sisi, mama ni Mawe! Mama yangu mzazi! Yule wa mihogo, yule uliyemwambia nzuri, yule unayetaka kumpima! Huyo ndiye Mawe!"

Niliona jinsi anavyorudi nyuma kichwani, neno moja moja, mpaka kwenye shamba, mpaka kwenye kitenge kilichorekebishwa. Masikio yakamwiva. "Mawe... mama," akasema. Akaanza kucheka, akaacha. Akavuta gunia lile lile la mchele akakaa.

"Kwetu pia mama tunasema mama," akaniambia. Kisha akaendelea, anatazama moto, si mimi. Kijiji chao kilikuwa juu ya makaa ya mawe. Kampuni ilichimba chini, nyumba zikapasuka juu, watu wakahamishwa, wakapewa ghorofa. Ghorofa zuri, alisema, lina maji, lina lifti. Mama yake anaanika pilipili kwenye ngazi na majirani wanagombana naye kila siku. "Miaka mingi sana. Mimi kila siku napiga simu. Yeye anauliza, lini tunaludi nyumbani?"

Nilimhurumia. Lakini mdomo wangu ndio ule. "Sasa na wewe mbona unafanya kazi hii hii?"

Akanyoosha mikono yake, yenye sugu za nyundo. "Mimi najua mawe tu."

Nikamwambia basi aandike kwamba mwamba hauna kitu. Akatikisa kichwa. Kudanganya hawezi, alisema, na hata akidanganya watatuma mwingine. Maabara ndiyo itasema. Nilimheshimu kwa jibu hilo na nikamchukia, vyote kwa pamoja, na nikarudi kupika kwa sababu watu wazima hawawezi kushinda njaa kwa ajili ya neno. Ila pilipili nilimnyima. Mpaka majibu yalipokuja, alikula samaki wake mtupu, na hakuthubutu kuuliza.

Majibu yalifika mvua zikiwa zinaelekea ukingoni. Niliyaona usoni kwake kabla hajasema, maana vijana wa kompyuta walikuwa wanang'oa mahema. Akaniomba nimpeleke kwa Mawe. Ilikuwa kazi ya kumtuma dereva na salamu, lakini alitaka kwenda mwenyewe, na alipofika alivua kofia.

"Mama," akaanza, "mawe yako..." Akasita, akanitazama, akajisahihisha. "Jiwe lako. Jiwe lako hapana kitu. Iko kidogo sana. Sisi tunaondoka."

Nilitegemea vigelegele. Mawe alimtazama mgeni wake kutoka juu mpaka chini, akashika kiuno.

"Harina kitu namna gani?" akasema. "Watoto wangu wote wamekura kwenye jiwe hiri. Huyu hapa mnene hivi amekura kwenye jiwe hiri. Unasema harina kitu?"

Bosi akainama, akaomba radhi kwa niaba ya maabara. Nikawatafsiria wote wawili mambo ambayo hayakuhitaji kutafsiriwa. Mawe akampa mfuko wa unga wa muhogo apeleke kwao, akaupokea kwa mikono miwili. Tulikuwa tunasindikizana kwenda kwenye gari ndipo Mawe akamuuliza sasa wanaelekea wapi. Bosi akanyoosha mkono upande wa machweo, mbali, nchi nyingine, ng'ambo ya ziwa na ng'ambo ya nchi iliyo ng'ambo ya ziwa. Huko, alisema, picha zinaonesha jiwe kubwa kuliko hili.

"Na huko," Mawe akamuuliza, "jiwe ni ra mawe wa nani?"

Safari hii alielewa kila neno. Akapanda gari, akatupungia mkono mpaka kona ya mashine ya kusaga, na hatukumwona tena.

Majirani walinuna kwa siku kadhaa. Yule wa viwanja alisema maabara za siku hizi hazina uaminifu. Mimi nilibaki nimsaidie Mawe kuvuna maharage kabla sijarudi Kashaulili kumpokonya mdogo wangu mwiko. Nikadhani atapumzika sasa. Lakini jioni ile ile ya kuondoka kwa Bosi alichukua panga akaenda kwa jirani kuomba vipando vya mihogo, akarudi amebeba fungu kichwani, vijiti virefu vyenye macho mekundu. Nikavitambua. Ilikuwa ile mihogo ya zamani, ya uchungu, inayokaa ardhini mpaka unasahau kwamba uliipanda.

"Mawe," nikamwambia, "bwana shamba anagawa ile mipya, unapanda leo, mwakani unakula. Hii itakuweka miaka miwili, na mvua zenyewe ndizo hizi zinaisha."

Akatua fungu juu ya mwamba. Akaligawa katikati, nusu akanisukumia mimi.

"Na icherewe," akasema. "Kwani tunaenda wapi?"